Maisha ya Franz Xaver Gruber, Mwalimu wa Kijiji na Mtunzi wa Nyimbo

Wanachuo wengi, wanapofika katika somo la muziki, hudhani kuwa watunzi mashuhuri wa Ujerumani na Austria walikuwa watu wa majumba ya wafalme, waliovaa nywele za bandia na kula mezani pa wakuu. Baadhi yao kweli waliishi hivyo. Lakini mizizi ya muziki wa nchi hizo haikuwa katika majumba ya wafalme peke yake. Sehemu yake kubwa ilikuwa katika shule ndogo za vijijini, na waliomwagilia mizizi hiyo walikuwa walimu wa shule za msingi. Joseph Haydn, aliyezaliwa mwaka 1732, alikuwa mtoto wa fundi wa magurudumu; alipokuwa na umri wa miaka sita hivi alichukuliwa na jamaa yake, mwalimu wa shule katika mji wa Hainburg, na huko ndiko alikoanza kusoma nota. Franz Schubert, aliyezaliwa mwaka 1797, alikuwa mtoto wa mwalimu, alisomea ualimu mjini Vienna, na kwa muda alifundisha watoto wadogo katika shule ya baba yake. Anton Bruckner, aliyezaliwa mwaka 1824, naye alianza kazi kama mwalimu msaidizi kijijini.

Katika makala hii tumemchagua mwalimu mmoja asiyetajwa sana katika vitabu vya historia ya muziki, ingawa wimbo wake mmoja umefika mbali kuliko kazi nyingi za hao mabingwa. Huyo ni Franz Xaver Gruber, aliyetunga sauti za wimbo wa Noeli uitwao kwa Kijerumani Stille Nacht. Wimbo huo huimbwa kwa Kiswahili makanisani katika Afrika Mashariki, na inasemekana umekwisha kutafsiriwa katika lugha zaidi ya 300. Hata hivyo, kwa miaka mingi walioupenda hawakujua ni nani aliyeutunga. Tunaamini kuwa maisha ya mwalimu huyu yana mafunzo kwa kila anayejiandaa kushika chaki.

Utoto na masomo

Gruber alizaliwa tarehe 25 Novemba 1787 katika eneo la Hochburg, kaskazini ya Austria, karibu na mpaka wa Bavaria. Wazazi wake walikuwa wafumaji wa kitani, watu maskini waliotegemea mikono yao. Kwa desturi ya wakati ule, mtoto wa mfumaji alitazamiwa kuwa mfumaji. Baba yake hakuona faida ya muziki. Kwake, saa iliyotumika kupiga kinanda ilikuwa saa iliyoibwa kwenye kitanda cha mfumi.

Hata hivyo kijijini palikuwa na mwalimu, jina lake Andreas Peterlechner. Mwalimu huyu alitambua kwamba mtoto huyu alikuwa na sikio jepesi la kushika sauti, naye akaamua kumfundisha. Yasimuliwa kwamba mtoto alikuwa akienda kujifunza jioni bila baba kujua, na kwamba nyumbani alichomeka vijiti katika nyufa za ukuta ili avibonyeze kwa vidole kana kwamba ni vibao vya kinanda. Yasimuliwa pia kuwa siku moja mwalimu aliugua, na kijana huyu, mwenye umri wa miaka 12 hivi, akapiga kinanda kanisani badala yake. Baba alipoona jinsi watu walivyostaajabu, moyo wake ulilainika. Masimulizi ya namna hii huongezwa chumvi kadiri yanavyopita midomoni mwa watu. Lakini jambo la msingi halina shaka: bila ya jicho la Peterlechner, Gruber angeishi na kufa mfumaji.

Hapa tusimame kidogo. Peterlechner hakuwa na chumba cha muziki wala wingi wa ala. Alikuwa na kinanda cha kanisa, muda wa jioni, na tabia ya kuwatazama watoto wake mmoja mmoja. Mwalimu anayelalamika kwamba hawezi kukuza vipaji kwa sababu hana vifaa na amkumbuke mwalimu huyu.

Baadaye Gruber alikwenda Burghausen kuongeza ujuzi wa kinanda, akafanya mtihani wa ualimu, na mwaka 1807, akiwa bado hajatimiza miaka 20, akapewa shule ya kijiji cha Arnsdorf, kaskazini ya mji wa Salzburg.

Shule za wakati ule

Ili tuielewe kazi yake, yatupasa tujue hali ya elimu katika Austria ya siku zile. Mwaka 1774 Malkia Maria Theresa alitoa sheria iliyowataka watoto wote, wavulana kwa wasichana, wahudhurie shule tangu umri wa miaka 6 hadi 12. Aliyesimamia mpango huo alikuwa padre Johann Ignaz Felbiger. Kabla yake, mwalimu alizoea kumwita mtoto mmoja mezani, akamsikiliza, akamrudisha, akamwita mwingine, huku waliobaki wakichezacheza. Felbiger alihimiza darasa zima lifundishwe pamoja, mwalimu akitumia ubao na kuuliza maswali yanayowahusu wote. Aidha alitaka walimu wafunzwe kazi yao kabla ya kukabidhiwa watoto. Njia tunazoziona leo kuwa za kawaida zilikuwa mpya wakati huo, na zilipata upinzani.

Sheria ilikuwa nzuri, lakini mshahara wa mwalimu wa kijiji ulikuwa mdogo mno. Kwa hiyo ilikuwa desturi mwalimu awe pia mtunzaji wa kanisa na mpiga kinanda. Asubuhi alipiga kengele, akaandaa altare, akafundisha watoto kusoma, kuandika na kuhesabu, na Jumapili akaongoza kwaya. Huko Arnsdorf Gruber alifanya kazi zote hizo. Mwaka huohuo wa 1807 alimwoa Maria Elisabeth, mjane wa mwalimu aliyemtangulia, mwanamke aliyemzidi umri kwa zaidi ya miaka kumi. Kuanzia mwaka 1816 aliongeza kazi nyingine: akawa mpiga kinanda wa kanisa la Mtakatifu Nikolaus katika mji wa jirani wa Oberndorf, ambako alikuwa akienda kwa miguu.

Hali hii si ngeni kwetu. Karema, iliyo kando ya Ziwa Tanganyika, ina historia inayofanana nayo. Kituo kilichojengwa hapo na Wabelgiji mwaka 1879 kilikabidhiwa kwa Mapadre Weupe mwaka 1885, na katika misheni za namna hiyo neno mwalimu lilimaanisha mtu wa kazi nyingi: aliyefundisha dini, aliyefundisha herufi, na aliyeanzisha wimbo. Adrian Atiman, aliyenyakuliwa utotoni na wafanya biashara ya watumwa huko Afrika ya Magharibi, akakombolewa na kusomeshwa utabibu Malta, alikuwa tabibu na katekista wa Karema tangu mwaka 1889 hadi alipofariki mwaka 1956. Mtu mmoja alibeba mizigo miwili kwa miaka 67. Basi tunaposoma juu ya mwalimu wa Austria aliyekuwa na kazi tatu, tusimwone kuwa mtu wa dunia nyingine.

Usiku wa mwaka 1818

Miaka iliyotangulia mwaka 1818 ilikuwa migumu. Vita vya Napoleon vilikuwa vimekwisha juzijuzi tu. Nchi ya Salzburg ilikuwa imebadilishwa mabwana mara kadhaa, na mwaka 1816 ikatiwa rasmi chini ya Austria. Mto Salzach ukafanywa mpaka, na Oberndorf ikatengwa na Laufen, mji uliokuwa sehemu yake upande wa pili wa mto. Wenyeji walikuwa wanamaji waliosafirisha chumvi kwa mashua, na riziki yao ilikuwa imedidimia. Tena mwaka 1816 jua lilififia na mazao yakaharibika katika sehemu nyingi za Ulaya, kwa sababu ya majivu ya mlima Tambora wa Indonesia uliolipuka mwaka 1815. Watu walikuwa na njaa, na walikuwa wamechoka.

Mwaka 1817 alifika Oberndorf padre msaidizi kijana, Joseph Mohr. Alikuwa amezaliwa Salzburg mwaka 1792, mtoto wa mwanamke maskini aliyeishi kwa kufuma soksi, na wa askari aliyeondoka akawaacha. Mohr naye aliokolewa na muziki na shule: mfadhili mmoja wa kanisa alitambua sauti yake, akamsomesha. Mwaka 1816, akiwa katika kijiji cha Mariapfarr, Mohr alikuwa ameandika shairi la beti sita juu ya usiku wa kuzaliwa kwa Yesu.

Tarehe 24 Desemba 1818 Mohr alimpelekea Gruber shairi hilo, akamwomba alitungie sauti za waimbaji wawili na kwaya, zikisindikizwa na gitaa. Gruber, aliyekuwa na miaka 31, alitunga siku hiyohiyo. Usiku, katika ibada ya Noeli, Mohr aliimba sauti ya tena huku akipiga gitaa, Gruber akaimba besi, na kwaya ikaitikia mwisho wa kila ubeti. Waumini waliupenda wimbo huo.

Mara nyingi husimuliwa kuwa panya walikuwa wametafuna mifuko ya upepo ya kinanda, ndiyo sababu gitaa likatumika. Kisa hicho hupendeza watoto, lakini Gruber mwenyewe, alipoandika habari za tukio hilo, hakutaja panya hata mmoja. Ni hadithi iliyozuka baadaye. Mwalimu akiisimulia darasani, na awaambie watoto wazi kuwa ni hadithi. Mtoto aliyezoezwa tangu mwanzo kutofautisha habari iliyothibitishwa na hadithi ya kupendeza atakuwa amepata somo kubwa kuliko la muziki.

Wimbo wasafiri, jina labaki

Mohr alihamishwa kutoka Oberndorf mwaka 1819. Wimbo ungeweza kufia hapo. Ila fundi wa vinanda Karl Mauracher, kutoka bonde la Zillertal katika jimbo la Tirol, alikuwa akija kushughulikia kinanda cha Oberndorf. Aliuona wimbo huo akaupeleka kwao. Huko ulipokewa na jamaa mbili za waimbaji. Ndugu wa Strasser, waliokuwa wakiuza glavu katika minada, waliuimba mjini Leipzig mnamo mwaka 1831 na 1832. Waimbaji wa Rainer waliufikisha New York, Marekani, mwaka 1839. Kabla ya hapo ulikwisha chapwa mjini Dresden kama wimbo wa kienyeji wa Tirol, bila jina la mtunga maneno wala la mtunga sauti. Katika safari hiyo hata nota chache zilibadilika; tunavyouimba leo si sawa kabisa na alivyouandika Gruber.

Wakati wimbo ukizunguka dunia, mtunzi wake aliendelea kufundisha watoto kuhesabu. Maisha yake ya nyumbani yalijaa misiba. Mke wake wa kwanza alifariki mwaka 1825. Mwaka uliofuata alimwoa Maria Breitfuß, aliyepata kuwa mwanafunzi wake, wakazaa watoto kumi, ambao wanne tu walifikia utu uzima. Mke huyo naye alifariki mwaka 1841, na mwaka 1842 Gruber akaoa mara ya tatu. Mwaka 1829 alihamia shule ya Berndorf, na mwaka 1835 akapata kazi aliyoitamani muda mrefu: kuwa kiongozi wa muziki katika kanisa la mji wa Hallein. Huko alitunga misa na nyimbo nyingi za ibada, akafundisha waimbaji, na kudumu mpaka mwisho wa maisha yake.

Mohr hakuwahi kuona heshima yoyote ya wimbo huo. Alihamishwa parokia hata parokia, akafariki Wagrain tarehe 4 Desemba 1848 akiwa maskini. Huko Wagrain alikumbukwa kwa kuwahangaikia watoto wa maskini wapate shule.

Mwaka 1854 wanamuziki wa mfalme wa Prussia, mjini Berlin, walitaka kujua asili ya wimbo waliokuwa wakiuimba kila Noeli. Walidhani labda uliandikwa na Michael Haydn, mdogo wake Joseph Haydn, aliyefanya kazi Salzburg. Wakaandika barua kwa monasteri ya Mtakatifu Petro mjini Salzburg kuuliza kama nakala yake ipo. Kwa bahati, mtoto wa Gruber aitwaye Felix alikuwa mwimbaji katika monasteri hiyo, na swali likamfikia baba yake. Tarehe 30 Desemba 1854, miaka 36 baada ya usiku ule, Gruber aliketi akaandika maelezo mafupi: siku, mahali, jina la Mohr aliyetunga maneno, jina lake mwenyewe, na namna wimbo ulivyoimbwa. Hakudai fedha wala hakujisifu. Alitaka jambo lijulikane kama lilivyotokea.

Hata hivyo wengi waliendelea kubisha. Wengine hawakuamini kuwa mwalimu wa kijiji angeweza kutunga wimbo kama huo. Ilikuwa rahisi zaidi kuupachika jina la bwana mkubwa wa muziki. Gruber alifariki Hallein tarehe 7 Juni 1863, na ubishi haukuwa umekwisha. Mwaka 1995 ndipo ulipotambuliwa waraka ulioandikwa kwa mkono wa Mohr, wa miaka ya 1820 hivi, wenye maneno, nota na gitaa lake. Waraka huo unaonyesha kuwa maneno yaliandikwa mwaka 1816, na unamtaja Gruber kuwa mtunzi wa sauti. Hivyo ushahidi wa rafiki aliyekufa maskini ndio uliokata shauri.

Mafunzo kwa mwalimu

La kwanza ni juu ya kupima uwezo wa waimbaji. Gruber alikuwa na siku moja, sauti mbili, gitaa na kwaya ya kijiji. Alitunga kwa kadiri ya hivyo alivyokuwa navyo. Alichagua kipimo cha mapigo sita yaliyogawanyika mafungu mawili ya matatu matatu, mwendo kama wa mama anayembembeleza mtoto. Kwaya aliipa mwisho wa ubeti tu, ili watu wasiosoma nota washike kwa kusikia. Mwalimu anayeandaa somo la muziki na aanze hivyohivyo: watoto wangu ni wa darasa gani, sauti zao zinafika wapi, wanaweza kushika kiasi gani kwa kipindi kimoja?

La pili ni juu ya kufundisha wimbo wenyewe. Wimbo huu una sauti zilizoachana sana: kutoka doh ya chini hadi fah iliyo juu ya doh ya pili. Gruber aliuandika katika ufunguo wa D, unaowafaa watu wazima waliozoea kuimba. Kwa watoto, afadhali doh iwe C, la sivyo watapiga kelele juu na kunong'ona chini. Njia iliyo nyepesi ni hii: mwalimu aimbe ubeti wote mara mbili, watoto wakisikiliza, kisha wapige mapigo kwa vidole bila kuimba, kisha waimbe kifungu cha mwisho, ambacho kwaya ya Oberndorf ilikiitikia, ndipo waunganishe vifungu vingine kimoja baada ya kingine. Tonik-solfa iandikwe ubaoni baada ya masikio kushika, isiwe kabla. Nchi yetu ina shule zenye watoto wa dini mbalimbali. Pale ambapo wimbo wa Noeli haufai, hatua hizohizo zitumike kwa wimbo wa kazi au wa mavuno. Njia ndiyo muhimu.

La tatu, nalo ndilo zito kuliko yote, ni juu ya kuandika jina. Mwalimu wa shule ya msingi hutunga bila kujua kuwa anatunga: wimbo wa kuhesabu, wimbo wa kuoga, wimbo wa kuaga wanaomaliza darasa la saba. Nyimbo hizo hupita kutoka shule hata shule, na baada ya miaka mitano hakuna ajuaye zilikotoka. Kadhalika wazee wetu kando ya ziwa, wavuvi na wakulima, wana nyimbo zao za kupiga kasia, za kulima na za kubembeleza watoto, nao wanaondoka nazo mmoja mmoja. Gruber alibahatika: alipoulizwa alikuwa hai, na rafiki yake alikuwa ameacha karatasi. Watunzi wetu wengi hawatabahatika hivyo.

Kwa sababu hiyo tunapendekeza kila mwanachuo anayekwenda katika mazoezi ya kufundisha achukue daftari moja kwa kazi hii. Kila wimbo atakaoutunga, au atakaoupokea kwa mzee wa kijiji, auandike kwa tonik-solfa pamoja na mambo manne: jina la aliyeutunga au aliyeuimba, mahali, tarehe, na kazi ya wimbo huo. Pale asipojulikana mtunzi, aandike hivyo bila kubuni jina. Akirudi chuoni, anakili daftari hilo mara mbili, nakala moja ibaki katika maktaba na nyingine irudi shuleni alikofundishia, ili watoto walioimba nao waione.